Siku Moja na Kamera Yangu, Owino Uhuru

Saa kumi na moja alfajiri. Naamka kabla ya adhana, nachomoa betri za kamera kwenye chaji, nafuta lenzi. Chai ya tangawizi naimalizia wima.

Saa moja na nusu nashuka matatu Mikindani, Mombasa. Mtaa wa Owino Uhuru uko hapa, umepakana na ukuta wa kiwanda kilichokuwa kikiyeyusha betri kuukuu za magari ili kupata madini ya risasi. Kilifungwa mwaka 2014. Napiga picha ya ukuta kwa dakika mbili tu. Ukuta hauelezi kitu.

Saa tatu niko kwa mama mmoja ninayemfuatilia tangu mwaka jana. Anavuta mfuko wa plastiki chini ya godoro, anatoa karatasi ya vipimo vya mwanawe, iliyokunjwa mara nne hadi mikunjo imeanza kupasuka. Anainyoosha juu ya goti kwa kiganja, taratibu, kama anayepiga nguo pasi.

"Mwanangu, piga mikono yangu. Uso wake usiuonyeshe."

"Sawa, mama. Hautaonekana."

Mtoto alipopimwa sumu ya risasi alikuwa na miaka mitatu. Sasa huinama kupita mlangoni. Mama anaanza kunieleza mtoto alivyokuwa akisahau masomo, kisha ananyamaza. Sizimi kamera, wala sisemi neno. Sumu ya risasi haionekani, haina harufu. Hujificha kwenye mifupa, na mwanamke akishika mimba hutoka humo ikamfikia mtoto tumboni. Nitaionyeshaje, kama si kwa mikono hii?

Saa sita, kikao chini ya mwarobaini. Wanaharakati wanapitia upya safari ya kesi: mwaka 2020 mahakama ya mazingira iliamuru wakazi walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3 kwa sumu hiyo, Mahakama ya Rufaa ikaifuta fidia hiyo 2023, Mahakama ya Juu ikairudisha Desemba 2024. Vuguvugu hili lilianza na Phyllis Omido, aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda hicho hicho, baada ya mwanawe mchanga kuugua. Watu wengi wanaijua tuzo ya mazingira ya Goldman aliyopewa 2015. Mimi nataka wawajue pia hawa kina mama waliokuwa wakifunga vibanda vyao vya mboga ili waende kortini, wakarudi jioni bila hata senti ya kununulia unga.

Bibi mmoja ananyoosha mkono: "Na waliokwisha kufa, fungu lao atapokea nani?" Kikao kizima kinamgeukia wakili. Kamera yangu inabaki kwa bibi.

Alasiri narekodi sauti tu: bati likilia kwa joto, mtungi ukijazwa, watoto wakitoka shule.

Saa tatu usiku, kuhariri. Ule ukimya wa mama ni sekunde 41. Nilikuwa nimeuwekea muziki, nautoa. Sikati hata sekunde moja. Nanakili kipande hicho kwenye simu, maana kesho saa mbili narudi kwake, akione yeye kwanza kabla ya mtu mwingine yeyote, na akisema nikitoe, nitakitoa.