Picha mbili za Engare Nanyuki

Kwetu ilikuwa mwiko kuchoma takataka uani. Sanduku la bati lenye vyeti vya kila mtu lilikaa karibu na mlango, tayari kubebwa. Mama ndiye aliyeshika sheria hizo, na hata kuzaliwa hakuwa amezaliwa Novemba 1951, Waingereza walipowatoa Wameru karibu 3,000 Engare Nanyuki, chini ya Mlima Meru, Tanganyika, ili kuwapisha walowezi wafugaji. Nyumba zilichomwa moto. Bibi alikuwa binti mdogo.

Habari za Kirilo Japhet, aliyepeleka kilio cha Wameru Umoja wa Mataifa, New York, mwaka 1952, huku Meru zinajulikana. Za bibi hakuna aliyezijua. Ukimwuliza "siku ile ilikuwaje", ananyanyuka kwenda kuchambua maharage.

Mimi ni mchoraji, twiga ninaowauzia watalii mjini Arusha ndio wanaonilisha. Nilipotaka kuchora habari hii, nilianza na ng'ombe. Zizi lilikuwa upande gani? Nani alikamua? Bibi akaokota kipande cha mkaa, akachora sakafuni: zizi, ghala, mlango unaotazama Kilimanjaro. Akawataja ng'ombe kwa rangi zao, mmoja baada ya mwingine, na mahali kila mmoja alipofia njiani. Sikumrekodi. Akiona simu, bibi huongea kama anasoma matangazo kanisani.

Wapo wanaosema ukishaeleza umepona. Sikubaliani nao. Bibi akieleza sana, usiku halali, kwa hiyo naenda mchana, na akiitisha chai ndiyo tumemaliza.

Mama alikuwa akisikiliza kutoka jikoni. Yeye hutunga nyimbo za kwaya, na siku hiyo ndipo nilipong'amua kwamba nyimbo zake zote, hata za Krismasi, zina watu waliobeba mizigo.

Picha ya kwanza bibi aliikataa. "Huo moto utoe, mjukuu wangu. Niliuona, ukutani wa nini tena?" Mama akaja juu: moto ubaki, yeye ameishi nao miaka yote bila kuuona. Hawakuafikiana, basi nikachora mbili. Ya bibi ina ng'ombe tu, na kila nikienda ananidai mmoja niliyemsahau. Ya mama, rangi haijakauka sawasawa, mteja ameshaiulizia bei. Nikamwambia haiuzwi, akachukua twiga.