Piki Isiyo na Breki, Juu ya Barafu

Bodaboda yeyote wa Kabale, Uganda, anaijua barabara ya udongo mwekundu mvua ikishanyesha: gusa breki ya mbele tu, uko chini. Ndiyo maana wengi wakitazama mashindano ya dunia ya piki kwenye barafu hudhani ufundi wake ni kuteleza. La hasha. Piki zile zimeng'ang'ania kuliko piki yoyote iliyo kwenye lami.

Kazi hiyo ni ya misumari. Tairi halina kashata. Limefungwa misumari ya chuma yenye ncha, myembamba kama spoku za baiskeli, inayochomoza kama milimita 30. La nyuma hubeba mamia. Mbio huzunguka kushoto tu, basi piki hulazwa upande huo mpaka ncha ya usukani inakaribia kukwaruza barafu, na goti la kushoto huburuzwa chini. Goti hilo hukingwa kwa kipande cha tairi kuukuu. Fundi wa lugabire, vile viatu vya tairi, wa soko la Owino Kampala hapo hahitaji maelezo.

Mshiko ukizidi huleta balaa zake. Ukifungua mafuta kwa pupa, gurudumu la nyuma halitelezi. La mbele ndilo linanyanyuka, na dereva hulazimika kujilaza mbele. Msumari ukilegea au ukipinda, tairi linapoteza mshiko pale pale piki inapoegemea, kwa hiyo hukaguliwa mmoja mmoja kabla ya kurudi uwanjani. Madigadi nayo hufunika karibu gurudumu zima, maana mtu akianguka mbele ya misumari hiyo ni sawa na kuangukia msumeno. Na barafu yenyewe huchimbika: raundi chache tu, kona zinajaa mifereji inayovuta gurudumu la mbele.

Injini ni silinda moja, 500 cc, gia mbili, breki hakuna. Jina la siku nyingi katika mchezo huu ni Jawa ya Kicheki. Mafuta ni methanoli, aina ya alkoholi, na hapo mafundi wetu wakae macho. Kilo moja ya petroli huungua na hewa kilo 14.7 hivi, ya methanoli, 6.4 tu. Jeti ya kabureta, kile kitundu cha kupitisha mafuta, lazima ipitishe zaidi ya mara mbili. Ukiimwaga methanoli kwenye piki ya petroli bila kubadilisha jeti, mchanganyiko unakuwa na hewa nyingi mno kuliko mafuta, injini inachemka na pistoni inaweza kutoboka. Tena methanoli hufyonza unyevu wa hewani na kula aluminiamu, kwa hiyo mbio zikiisha kabureta humwagwa na kusafishwa. Moto wake mchana karibu hauonekani.

Taji la dunia la mtu mmoja mmoja lilianza 1966, likachukuliwa na Gabdrakhman Kadyrov wa Muungano wa Kisovieti, aliyelitwaa mara 6. Nikolai Krasnikov wa Urusi akalibeba mara 8 mfululizo, 2005 hadi 2012.

Kwa mfumo wa kawaida, madereva 16 hukimbia raundi 20, wanne wanne, kila raundi mizunguko minne. Pointi ni 3, 2, 1 na sifuri. Ratiba imepangwa kijanja: kila dereva hukimbia mara 5, na hukutana na kila mpinzani mara moja tu. Aliyekushinda leo humpati tena, labda mfungane pointi.