Siku moja maishani mwangu: fundi wa viatu vya barafuni

Saa kumi na moja na nusu alfajiri nafungua mlango wa nyuma wa uwanja, na harufu inanipokea kabla sijawasha taa. Ni jasho la wanaume ishirini na kitu, limekaushwa na mafeni usiku kucha, likachanganyika na tepu na vumbi la chuma. Mke wangu anasema inanifuata mpaka nyumbani. Mimi siisikii tena.

Nimezaliwa Tanga, Ngamiani, nikakulia chini ya meza ya cherehani ya baba. Leo niko Ohio, natunza vifaa vya timu ya hoki ya barafu. Timu yetu inacheza ECHL, ligi ya ngazi ya tatu. Juu yetu kuna AHL, na juu kabisa kuna NHL, ile yenye timu 32, ambayo ndiyo watu huiona kwenye televisheni. Sisi tunapanda basi.

Mara ya kwanza nilipomweleza mama kwa simu kwamba kazi yangu ni kunoa "skates", yaani viatu vya kutelezea barafuni, na kupanga magongo, alinyamaza kidogo. Halafu akauliza, "Mwanangu, yaani umevuka bahari yote hiyo uende kunoa sketi za wanaume na kubeba gongo?" Ilibidi nimtumie picha. Bado sina hakika kama aliamini habari ya gongo.

Saa kumi na mbili naanza kunoa. Chuma cha chini ya kiatu ni chembamba, kama milimita tatu, na hakinolewi kama kisu. Jiwe la mashine huchongwa mviringo kwa ncha ya almasi, ili likipita kwenye chuma liache mfereji katikati na makali mawili pembeni. Mfereji ukiwa na kina, kiatu kinauma barafu na mchezaji anakata kona kali, ila anachoka haraka. Ukiwa wa juujuu anateleza vizuri lakini hashiki. Kila mtu ana kipimo chake, nimeviandika vyote kwa kalamu kwenye kibao ukutani. Napitisha kiatu mara tatu au nne kwa mkono mwepesi, naondoa vinyweleo vya chuma kwa jiwe dogo, nalaza sarafu juu ya makali yote mawili kuona kama imekaa sawa. Mwisho napitisha kucha. Makali yakikwangua kucha pande zote mbili, kiatu kiko tayari. Kucha zangu za kidole gumba hazijawahi kuwa nzima tangu nianze kazi hii.

Baada ya hapo, glavu. Hapa ndipo baba angefurahi. Kiganja cha glavu ya hoki ni ngozi laini, nyembamba, kwa sababu mchezaji anataka kulisikia gongo mkononi, na ngozi nyembamba haidumu. Winga wetu wa kushoto, namba 17, ametoboa kiganja cha mkono unaoshika gongo kwa chini, mara ya tatu msimu huu. Glavu mpya zipo kabatini, hazitaki. Anasema ni ngumu kama mbao. Basi nafumua kiganja cha zamani, nakata kipya kwa kufuata kile kile, nashona kwa uzi mnene, mishono midogo midogo, napindua na kuingiza mkono wangu nisikie kama kuna mshono unaokwaruza. Dakika arobaini na tano kwa glavu moja. Mshahara wangu hauhesabu dakika, kwa hiyo sina haraka.

Saa nne wanaingia barafuni kwa mazoezi mepesi ya asubuhi ya mechi. Nasimama mlangoni na taulo begani. Namba 17 anapiga mizunguko miwili, ananitazama, anainua kidole gumba. Hiyo ndiyo shukrani yote, na inatosha.

Ana miaka 27. Kwa mshambuliaji asiyekuwa na jina kubwa, huo ni umri wa kuhesabu vidole. Hakuchaguliwa na timu yoyote ya NHL alipokuwa kijana, alicheza chuo kikuu, kisha akaja ngazi hii. Timu inawapa nyumba ya kuishi na mshahara wa kila wiki, ila msimu ukiisha mwezi wa nne, mshahara nao unaisha. Kiangazi hukata majani kwenye bustani za watu. Mwaka juzi timu nyingine ilimwacha siku ya Jumapili, mfuko wake umeshawekwa mlangoni alipofika.

Mchana wachezaji wanakula na kwenda kulala. Mimi nafua.

Saa nane kasoro kocha anapiga simu. "Fungasha 17." Moyo unashtuka, maana maneno ni yale yale kwa anayepanda na anayeachwa. Kumbe kuna mtu wa timu ya AHL ameumia asubuhi, wanamtaka winga usiku huu huu, kwa mkataba wa majaribio, ambao mwisho wake ni mechi 25. Anaweza akarudi kesho. Nafungasha jozi mbili za viatu, vyuma vya akiba, kofia, magongo matatu. Anafika nywele zimesimama, uso bado una alama za mto, na swali lake la kwanza ni, "Glavu ziko wapi?" Namwonyesha. Anazichukua mkononi, hataki ziingie kwenye mfuko.

Mama mmoja wa Uvira, Kongo, anayefanya usafi pale uwanjani anasimama na ufagio wake. "Papa, ule mutoto wanamupeleka wapi?" Namwambia amepanda cheo. Anauliza kama huko juu watu weusi wanaucheza mchezo huu, maana hapa kwetu hajamwona hata mmoja. Namsimulia habari za Willie O'Ree, winga wa Boston, aliyekuwa mweusi wa kwanza kucheza NHL, tarehe 18 Januari 1958, huku akificha kwamba jicho lake la kulia halioni. Na Johnny Oduya, beki wa Sweden ambaye baba yake ni Mkenya, ametwaa kombe la NHL na Chicago mwaka 2013 na 2015. Ya kombe hayamshughulishi. "Na jicho moja? Alikuwa anaona namna gani?" Namwambia alikuwa anageuza shingo nzima kutafuta pasi. Anaondoka akitikisa kichwa.

Nabandua jina la 17 juu ya kabati lake. Majina ya walioondoka huwa nayabandika ndani ya kifuniko cha mashine ya kunolea. Sasa yako kumi na manne.

Saa kumi na moja naweka paki kwenye friji. Paki ni kile kisahani cheusi cha mpira wanachokipiga, na kisipogandishwa kinadunda hovyo. Saa kumi na mbili anaingia kijana mgeni kuziba pengo, mfuko begani, anaomba namba 17. Namwambia hiyo ina mwenyewe. Anavaa 26.

Mechi saa moja na robo. Mshambuliaji hukaa barafuni sekunde arobaini hivi, anatoka mbio, mwingine anaruka ukuta. Kipindi cha pili mgeni anarudi benchi kwa mguu mmoja, chuma kimepasuka. Napiga goti, nachomoa, nachomeka kingine, sekunde kumi hazijaisha. Tumefungwa tatu kwa mbili.

Saa nne na nusu usiku basi linaondoka kwenda Wheeling, West Virginia, karibu saa nne za barabara. Nafungua simu kutafuta matokeo ya AHL. Amecheza, hajafunga. Kabla sijaizima, ujumbe wake unaingia.

"Jamaa wa huku amenoa vibaya. Kiatu cha kulia hakishiki kabisa. Kipimo changu ni kipi?"

Kibao kiko ukutani, Ohio. Lakini chake nakijua kwa kichwa.