Yuichi, Hoshino na Lily Chou-Chou

Katika All About Lily Chou-Chou, filamu ya Shunji Iwai ya mwaka 2001, Yuichi husimama peke yake katikati ya shamba la mpunga, sare ya shule mwilini, hedifoni masikioni, akimsikiliza Lily, mwimbaji anayemwabudu. Mpunga ni wa kijani kibichi mpaka macho yanauma. Mpigapicha, Noboru Shinoda, alitumia kamera za kidijitali enzi ambazo wengi bado walishikilia mkanda wa filamu, na mwanga wake ni mzuri mno kwa mambo yanayowapata watoto hawa. Hilo ndilo linalonikaba koo. Uzuri wote ule hauwaokoi na lolote.

Hoshino, rafiki yake, anaponea chupuchupu kuzama majini katika safari ya marafiki kwenda Okinawa, visiwa vya kusini mwa Japani, na kurudi akiwa katili. Sehemu hiyo ya safari ni ndefu na kamera inayumba hadi kichwa kinazunguka, lakini nisingekata hata sekunde moja. Ndipo tunapowaona wavulana hawa wakiwa watoto tu, wakipiga kelele na kucheka.

Ninayempenda kuliko wote ni Kuno, msichana wa shuleni kwao. Wasichana wa darasa wanamchukia, hawataki awapigie piano katika wimbo wa kwaya. Hagombani nao. Anakaa na kuupanga upya wimbo mzima uimbwe kwa sauti tupu, bila ala. Baadaye, akishatendewa unyama ambao siwezi kuuandika hapa, anaingia darasani kichwa kimenyolewa, wala hainamishi macho. Kila nikifika hapo nasimamisha filamu kidogo.

(Kama hujaitazama, ishia hapa.)

Usiku Yuichi huandika kwenye mtandao wa mashabiki wa Lily kwa jina la Philia. Huko kuna mtu anayejiita Paka wa Bluu, anayemwelewa na kumfariji kuliko yeyote anayemfahamu ana kwa ana. Wanaahidiana kukutana kwenye tamasha la Lily, na alama ya kutambuana ni tufaha la kijani. Anayelishika tufaha lile ni Hoshino, yule yule anayemtesa mchana. Maneno yote ya upole Hoshino alikuwa nayo, na alimwandikia Yuichi huyu huyu. Wanasoma shule moja, na hakuna hata siku moja aliyoweza kumtamkia.