Nilivyompika nguruwe wa kuchambua kwa ladha ya Kikorea

Gochujang yote ikiingia chunguni asubuhi pamoja na nyama, jioni unabaki na wekundu na chumvi. Uchachu wake, na ile harufu ya kitu kilichoiva kwa miezi, vinakuwa vimefifia. Kwa hiyo mimi huigawa: nyingine inaingia mwanzoni, nyingine inasubiri mpaka nyama iishe kuchambuliwa. Mpango huo ndio uliofanya nguruwe huyu awe mlo ninaoupika kwa furaha kila nikipata bega zuri.

Kwa asiyeijua, gochujang ni rojo zito jekundu la Kikorea. Hutengenezwa kwa unga wa pilipili, mchele wa kunata, unga wa soya iliyochachushwa, kimea cha shayiri na chumvi, kisha kwa desturi huachwa lichachuke kwenye mitungi ya udongo iitwayo onggi. Sunchang, kusini-magharibi mwa Korea Kusini, ni mahali palipojijengea jina kwa rojo hili. Unapolilamba unapata utamu kwanza, halafu ukali unakuja polepole, na nyuma yake kuna unono wa soya unaokaa ulimini. Makopo hayafanani. Mengine yana sharubati nyingi ya mahindi, na hayo yakinifikia mkononi sukari naipunguza.

Mlo wenyewe ni mseto. Nguruwe wa kuchambua anatoka majimbo ya kusini ya Marekani, ambako bega huokwa kwa moshi saa nyingi mpaka nyama iachane yenyewe. Wakorea nao wana jeyuk bokkeum, nyama ya nguruwe iliyokatwa nyembamba, ikakolezwa gochujang na kukaangwa upesi kwa moto mkali. Tena wana bossam, nyama iliyochemshwa, ikakatwa vipande na kuliwa ikiwa imefungwa kwenye majani. Nimechukua mwendo wa taratibu wa Wamarekani, viungo vya jeyuk, na ulaji wa bossam.

Nyama ni bega, na hapo sibadilishi. Sarara haina mafuta wala nyuzi za kutosha, ikipikwa muda mrefu inakauka. Bega limejaa kolajeni, zile nyuzi ngumu nyeupe zinazoshikilia misuli, na kolajeni ikikaa kwenye joto la unyevunyevu kwa saa nyingi inayeyuka na kuwa jelatini. Jelatini hiyo ndiyo inayofanya nyama iteleze mdomoni. Natumia kilo 2 hivi, ikiwa imeyeyuka barafu kabisa, maana sufuria ya umeme ya kupika polepole inachelewa kupasha, na nyama iliyoganda ingekaa muda mrefu mno kwenye uvuguvugu ambao vijidudu vinaupenda. Nalikata vipande vinne vikubwa, nalipaka vijiko viwili vya chai vya chumvi na kuliacha usiku kucha kwenye friji.

Asubuhi nakausha vipande kwa taulo ya karatasi, navigeuza kwenye kikaango chenye moto mkali mpaka viwe vya kahawia pande zote. Wapo wanaoruka hatua hii. Mimi siiruki, kwa sababu sufuria ya namna hii haiwezi kuipa nyama rangi hata ikikaa siku nzima.

Chini ya sufuria natandika vitunguu maji viwili vilivyokatwa vipande. Kisha nasaga pamoja punje nane za kitunguu saumu, kipande cha tangawizi cha sentimita 5, peasi moja, vijiko vitatu vya mezani vya gochujang, mililita 80 za sosi ya soya na vijiko viwili vya mezani vya sukari ya kahawia. Peasi ya Asia ina vimeng'enya vinavyolainisha nyama, ndiyo maana Wakorea huikuna kwenye nyama za kuchoma. Hapa ulainishaji utafanywa na joto, hivyo mimi naitaka kwa utamu wake mwepesi tu, na tufaha linafaa vilevile. Maji siongezi hata tone. Mfuniko unazuia mvuke, nyama na vitunguu vinatoa maji yao, na mchuzi utakaopatikana jioni utashangaza kwa wingi wake.

Nafunika, naweka kwenye moto mdogo kwa saa 8 hadi 9. Sifunui kuchungulia, maana joto linalotoka linachukua muda kurudi. Zikikaribia kuisha, nachomeka uma katikati ya kipande na kuuzungusha: uma ukizunguka bila kubanwa, imeiva. Ukikwama, naongeza saa moja. Kipimajoto kwa kawaida husoma nyuzi 93 hadi 95. Nguruwe huwa salama kuliwa mapema zaidi ya hapo, lakini kwenye nyuzi 75, kwa mfano, bado hachambuliki.

Sasa ndipo penye utamu wa kazi. Naitoa nyama kwenye sinia na kuipumzisha kidogo. Mchuzi naumimina kwenye bakuli, nasubiri mafuta yapande juu, nayaengua kwa upawa. Unaobaki nauchemsha kwenye sufuria pana bila kufunika mpaka upungue nusu, na mwiko ukipita chini uache njia inayofunga taratibu. Nazima moto ndipo naingiza vijiko vingine vitatu vya gochujang, kijiko kimoja cha siki ya mchele na kijiko cha chai cha mafuta ya ufuta uliokaangwa. Mafuta haya harufu yake inapotea upesi kwenye moto, yanastahili kuingia mwisho. Naonja, na chumvi mara nyingi haihitajiki tena.

Naichambua nyama kwa uma mbili, minofu mikubwa kiasi, kisha namwagia mchuzi kidogo kidogo mpaka kila unyuzi ung'ae bila kuogelea. Nikiwa na dakika kumi zaidi, naitandaza kwenye trei na kuiweka chini ya moto wa juu wa oveni. Ncha zinakuwa kavu na zenye kutafunika, katikati inabaki laini. Hapo ndipo ninapoipenda zaidi.

Mezani naweka majani ya saladi, wali mweupe, kimchi (kabichi ya Kikorea iliyochachushwa na pilipili) na vitunguu majani vilivyokatwa vyembamba. Kila mtu anajaza jani lake, analifunga na kulitia mdomoni zima, ndivyo ssam inavyoliwa Korea. Kimchi isikosekane, kwani bila uchachu wake unono wa bega unachosha haraka.

Inayobaki inakaa kwenye friji siku tatu au nne, ikiwa imelowana mchuzi wake. Siku inayofuata naikaanga na wali uliolala na kimchi iliyokatwakatwa, na juu yake yai la kukaanga ambalo kiini hakijaganda.