Kiti Kisichokaliwa

Baba alizikwa Tanga, nami nikiwa Paris. Kwetu maiti haisubiri ndege. Alifariki usiku wa manane, na baada ya adhuhuri akawa ameshaswaliwa. Takbira nilizisikia kwa simu ambayo mdogo wangu aliishika juu katikati ya watu, sauti ikikatika na kurudi, na mimi nimesimama kwenye ujia wa hosteli na soksi miguuni.

Miezi minne baadaye, mwalimu wetu wa falsafa alitupeleka kuona nyumba ya Auguste Comte, namba 10 mtaa wa Monsieur-le-Prince, si mbali na Sorbonne. Nilikwenda shingo upande. Comte nilimjua wa darasani tu: Mfaransa aliyezaliwa Montpellier mwaka 1798, baba wa upozitivisti, aliyefundisha kwamba akili ya binadamu hupita hatua tatu. Kwanza hueleza mambo kwa miungu, kisha kwa dhana, mwisho huacha kusaka asili ya kila kitu na kushika sheria zinazothibitika kwa kuona na kulinganisha. Nilimdhania mtu mkavu.

Nyumba yenyewe ni fleti ya ghorofani. Alihamia mwaka 1841, na humo ndimo alimofia Septemba 1857. Meza yake imeelekea kioo, kwa hiyo kila alipoinua macho kutoka kwenye karatasi alikutana na uso wake mwenyewe. Halafu mama aliyekuwa akituzungusha akatuonyesha kiti cha mikono, akasema taratibu: hiki ni cha Clotilde.

Clotilde de Vaux alijuana na Comte mwaka 1844. Mumewe alikuwa amemkimbia kwa madeni ya kamari, na sheria ya Ufaransa wakati ule haikuruhusu talaka. Alikuwa akija kumtembelea Comte na kukaa kwenye kiti hicho. Aprili 1846 kifua kikuu kikamwua, ana miaka 31. Comte akakifanya kiti kile madhabahu. Yule yule aliyetuambia zama za miungu zimepita, alipiga magoti mbele ya kiti kitupu kila siku hadi alipokufa.

Ndani ya msiba huo ikakua Dini ya Ubinadamu. Haina Mungu, lakini ina sakramenti 9, makuhani na kalenda ya miezi 13 yenye siku 28 kila mmoja, kila mwezi kwa jina la mkubwa fulani: Musa, Homer, Aristotle, hata Shakespeare. Mtume Muhammad naye ana Jumapili yake, ndani ya mwezi wa Musa. Kinachoabudiwa ni Ubinadamu wenyewe, waliokufa, walio hai na watakaozaliwa. Wabrazil waliishika kwa moyo wote. Maneno ya bendera yao ya mwaka 1889, Utaratibu na Maendeleo, yametoka kwake, na Rio de Janeiro walijenga hekalu. Hapo Paris nako walimjengea kanisa dogo katika mtaa wa Payenne, alikofia Clotilde.

Wenzangu walikuwa wakicheka chinichini. Mimi nilibaki nimekikodolea macho kile kiti.

Barazani kwetu kuna kiti cha kamba za kijani. Kamba za upande wa kushoto zimelegea, kwa kuwa Baba aliegemea huko kusikiliza redio, na kwenye mkono wa kulia kuna duara jeusi la kikombe cha kahawa. Tangu azikwe hakuna aliyekikalia. Mama alikuwa akikipangusa vumbi asubuhi na kukiacha.

Yule mama aliyekuwa akituzungusha akaendelea na sakramenti ya mwisho: miaka saba baada ya kufa, marehemu hupimwa kama anastahili kuingizwa katika Ubinadamu, aishi katika kumbukumbu za watu. Nikamkumbuka Profesa John Mbiti wa Kenya, aliyechukua maneno yetu mawili, sasa na zamani, akaeleza kuwa aliyekufa bado yumo katika sasa maadamu yupo anayemkumbuka kwa jina. Kwa Mbiti hapakuwa na kupimwa. Baba yangu alikuwa karani wa bandari. Kalenda gani ingempa siku?

Jioni nikapiga simu nyumbani.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

Nikamsimulia yote, kiti, magoti, miaka saba. Akanyamaza kidogo.

"Maskini, alimpenda kwelikweli," akasema. "Sasa huyo bibi, nani alikuwa akimwombea?"

"Alikuwa akimwomba yeye mwenyewe, Mama. Kila siku."

"Kumwomba si kumwombea."

Nimesoma vitabu vingi juu ya Comte tangu siku ile, na ninamheshimu kuliko nilivyomheshimu darasani. Alijua kwamba elimu peke yake haimliwazi mfiwa. Lakini sijaona aliyemjibu Mama. Clotilde akishakuwa ndiye anayeombwa, hakuna tena wa kuombwa kwa ajili yake.

Nikamuuliza kama kiti cha Baba bado kipo barazani.

"Kipo kwa fundi, anakisuka upya, kamba zilikwisha kabisa. Ami yako anakuja na watoto sikukuu hii. Ulitaka wakae chini?"