Kikaragosi cha Kibaki

Jioni hii, baada ya chai, nimemwekea mama kipindi cha zamani cha The XYZ Show, ile ya vikaragosi vya kuwadhihaki wanasiasa wa Kenya, kwenye simu.

Kikaragosi cha Kibaki kilipofungua mdomo tu, mama akacheka mpaka akashika mbavu.

Marehemu baba alicheka vivyo hivyo, kwenye kiti hichohicho.

Nikabaki nikiitazama ile mikunjo ya mpira shavuni, ikisogea kama ngozi ya mtu.

Gado, mchora katuni aliyeianzisha, alichota wazo kwa Les Guignols ya Ufaransa, taarifa ya habari ya vikaragosi iliyozimwa 2018 baada ya miaka 30. Yake ilianza 2009. Kwetu tuliokua tukinong'ona jina la rais, ilikuwa kama kufunguliwa dirisha.

Nimeikumbuka jamani.

Nyinyi mlikuwa mkiitazama na nani?